Nani Aliyenyamazisha Saa?

Usiku wa kuamkia tarehe 1 Agosti 1942, Mombasa ilipoteza dakika 15. Saa za serikali zilipofika usiku wa manane zilisogezwa mbele, na ile robo saa ya kwanza ya mwezi mpya ikawa haipo. Hakuna mtoto aliyeandikishwa kuwa amezaliwa ndani yake, wala mzee aliyefariki ndani yake. Mji ulikuwa na mazito zaidi ya kuushughulisha: Vita vya Pili vya Dunia vilikuwa vimepamba moto, meli za kivita za Waingereza zilizohamishwa kutoka Ceylon zilikuwa zimetia nanga Kilindini, na robo saa si kitu cha kumkosesha mtu usingizi. Isitoshe, wengi walikuwa wamekwisha kulala.

Watunzi wa hadithi hupenda sana kubuni dunia ya namna hii, ambamo wakati wenyewe hunyamaza mara moja moja, kisha ukaendelea kusema kana kwamba hapakuwa na lolote. Msomaji huombwa afumbe macho awaze. Mkazi wa Likoni, Kisauni au Changamwe hana haja ya kufumba macho. Katika pande hizi tatu za bara zinazokizunguka kisiwa cha Mombasa, wakati umenyamaza mara nyingi, kwa amri ya serikali, kwa mwezi, kwa kengele, kwa mgomo, kwa meli inayopita. Ninachotaka kujua katika sura hii ni nani huunyamazisha, na kama wanaosimamishwa huambiwa mapema.

Tuanze na serikali, kwa kuwa hesabu yake ni rahisi. Mwaka 1908 Waingereza waliamua kwamba saa za himaya yao ya Afrika Mashariki zitatangulia saa ya Greenwich kwa saa 2 na nusu. Tarehe 1 Julai 1928 zikasogezwa mbele nusu saa, zikawa 3 kamili. Mpango huo haukudumu; mapema Januari 1930 nusu saa ile ile ikarudishwa. Mwaka 1937 ulipoingia zikasogezwa robo saa, na 1942 robo saa ya pili. Tangu hapo hazijaguswa. Ukijumlisha, utawala ule uliwakata wenyeji saa nzima ukawarudishia nusu. Nusu iliyobaki haijalipwa mpaka leo, na Kenya huru imeirithi kama ilivyorithi reli na Kanuni ya Adhabu.

Deni hilo linaonekana angani. Mombasa iko kwenye longitudo ya takriban nyuzi 39 na dakika 40 mashariki, kwa hiyo jua lake limeitangulia Greenwich kwa saa 2, dakika 38 na sekunde 40 hivi, hali saa ya ukutani inasema 3. Ndiyo maana jua la Mombasa halifiki utosini saa sita kamili mchana. Kwa wastani huchelewa dakika 21, na mwezi Februari huchelewa hadi kama saa sita na dakika 35. Mwadhini wa Likoni analijua jambo hili bila kufundishwa longitudo, maana ratiba ya adhuhuri iliyobandikwa msikitini husogea kidogo kidogo mwaka mzima, na saa ya ofisini imekaa palepale.

Michezo ya namna hii imechezwa kwingine pia. Papa Gregori XIII alifuta siku 10 mwaka 1582 ili kurekebisha kalenda, na Waingereza, waliokuwa wamegoma kumfuata, wakaja kufuta 11 mwaka 1752. Mwishoni mwa 2011 Samoa iliamua kuhamia upande wa pili wa mstari wa tarehe, ikaruka kutoka Alhamisi tarehe 29 Desemba hadi Jumamosi tarehe 31. Ijumaa nzima ikafutwa. Nimewahi kujiuliza Mwislamu wa huko aliifanyaje swala yake ya Ijumaa wiki ile. Sidhani kama waliopanga walimkumbuka.

Lakini watu wa bara ya Mombasa hawakuyumba 1928 wala 1942, kwa sababu saa ya serikali ilikuwa moja tu kati ya saa walizokuwa nazo, wala haikuwa kubwa kuliko nyingine. Siku yao huanza jua linapotua, na saa moja ya usiku ni ile inayotimia baada ya hapo. Mtu aliyeamkia shambani alfajiri akarudi jua likipunga hakuhitaji tarakimu za gavana. Saa yenye nguvu zaidi kwake, hasa akiwa wa Likoni au Mtongwe, ilikuwa ya maji.

Bahari hii hujaa mara mbili na kupwa mara mbili, lakini siku yake haitoshi kupimwa kwa saa 24. Kutoka kujaa kumoja hadi kujaa kunakofuata ni kama saa 12 na dakika 25, kwa hiyo kila siku maji huchelewa karibu dakika 50. Aliyekuta mwamba uko wazi leo saa nne asubuhi, kesho ataukuta karibu na saa tano. Mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu, jua na mwezi huyavuta maji kwa pamoja, na hilo ndilo bamvua: maji hupanda na kushuka zaidi ya mita 3, na yakipwa unaweza kutembea mbali kutoka ufuo wa Shelly ukielekea miambani. Baada ya wiki moja, mwezi ukiwa nusu, kila mmoja huvuta kwa upande wake, na maji hufa. Maji mafu hayajai yakajaa wala hayapwi yakapwa. Tofauti yake huwa kama mita moja.

Hapo saa ya bahari imeshusha sauti. Miamba haitoki vizuri, na anayedunga pweza kwa miguu hana pa kukanyaga. Lakini tazama chombo kinachotengenezwa. Dau kubwa huvutwa juu siku ya bamvua, maji yakiwa yamefika mwisho wake ufuoni, likaegemezwa magogo na kuachwa. Maji yakifa hayalifikii tena. Kwa karibu siku 14 dau lile haliwezi kwenda popote hata mwenyewe akitaka, na ndipo fundi anapokuja na nyundo na patasi butu, akashindilia pamba iliyotiwa mafuta katika nafasi za mbao, ubao baada ya ubao, akikagua kwa kidole pale jicho linapodanganya. Hiyo ndiyo kalafati. Bamvua la pili likifika ni lazima awe amemaliza, la sivyo maji yatamkuta na chombo kinachovuja. Sijasikia mwenye dau akilalamika kwamba bahari imemsimamisha. Siku ya kuanza na siku ya kwisha alizijua kabla hajashika kamba.

Upepo nao hunyamaza kwa zamu. Kusi ikishakoma na kaskazi haijashika, na tena kaskazi inapoagana na kusi, huja maleleji, upepo mwepesi usio na msimamo. Nahodha aliyesubiri wakati huo alisubiri akijua anachosubiri.

Ukimya unaonivutia kuliko yote, hata hivyo, ni ule uliowekwa ndani ya kalenda yenyewe. Mabaharia na wakulima wa pwani hii waliuhesabu mwaka wa jua kuanzia Nairuzi, yaani Siku ya Mwaka, desturi yenye asili ya Uajemi. Hawakuugawa mwaka huo kwa miezi. Waliugawa kwa miongo, siku kumi kumi, na kwa miongo hiyo wakajua lini mvua hutarajiwa, lini mbegu zitiwe ardhini, lini chombo kisithubutu kutoka. Miongo 36 ni siku 360. Mwaka una siku 365. Zile 5 zilizosalia hazikutiwa katika mwongo wowote. Ziliitwa gatha, nazo zilikaa mwishoni, mwaka uliopo ukiwa umekwisha kuhesabiwa na mpya haujaingia.

Hebu mtunzi wa hadithi anioneshe alichobuni kilicho kizuri kuliko hiki. Siku tano ambazo zipo, jua linachomoza na kutua, watu wanakula na kulala, lakini hazina namba katika hesabu inayoongoza kazi. Kisha huja Siku ya Mwaka yenyewe. Masimulizi ya karne ya 19 yanaeleza watu wakienda kuoga baharini na moto wa zamani ukizimwa ili uwashwe mpya. Mombasa, ng'ombe alizungushwa mji kabla ya kuchinjwa, watu wakala pamoja. Leo anayetaka kuiona sherehe hii ikiwa na nguvu zake huvuka hadi Makunduchi, Unguja, ambako kila Julai hufanywa Mwaka Kogwa: kibanda huchomwa moto, na wanaume hupigana kwa migomba ili kinyongo cha mwaka kiishe. Kwa kuwa hesabu ya Nairuzi haina mwaka mrefu wa siku 366, sherehe hurudi nyuma siku moja kila baada ya miaka minne, karibu siku 25 kwa karne. Huu ni mwaka unaotembea polepole ndani ya mwaka wa Wazungu, na hakuna aliyeona haja ya kuukamata.

Majirani zao Wamijikenda walikuwa na kipimo kingine, juma la siku nne. Kwa Wagiriama siku mojawapo ni Jumwa, siku ya kupumzisha jembe, na msichana aliyezaliwa siku hiyo akapewa jina hilo. Kina Jumwa wamejaa Kisauni mpaka leo, wengi wao wakiwa na kazi zisizojua kupumzika.

Bamvua, gatha na Jumwa vina jambo moja la pamoja: mtoto wa miaka kumi angeweza kukuambia vitaanza lini na vitakwisha lini. Ukimya ulikuwa na tarehe, na mtu aliupangia kazi, safari au usingizi.

Upande wa Kisauni wakati ulikuja kupata sauti nyingine. Mwaka 1875 wamisionari wa Kianglikana wakiongozwa na William Salter Price walianzisha makazi ya watumwa walioachiwa huru, wakayapa jina la Sir Bartle Frere, yule aliyetumwa Zanzibar mwaka 1873 kushinikiza soko la watumwa lifungwe. Waliokaa Frere Town walikuwa watu ambao kwa miaka mingi wakati wao ulikuwa mali ya mtu mwingine. Wapo waliotekwa bara ya mbali wakaokolewa baharini, wapo waliosomeshwa India kwanza. James Mbotela, mwana wa jamii hiyo, aliandika masimulizi yao katika kitabu Uhuru wa Watumwa kilichotoka mwaka 1934, na bado nakipendekeza kwa yeyote anayedhani historia ya Mombasa iliishia Ngome ya Yesu.

Misheni za siku zile ziliendeshwa kwa kengele, ya sala, ya darasa, ya kazi. Lakini kengele ya Frere Town, ile iliyoipa Kengeleni jina lake, hukumbukwa zaidi kwa kazi nyingine: ilipigwa wawindaji wa watumwa walipokaribia, watu wakimbie wakajikinge. Hivyo muda wote ilipokuwa kimya, wakaaji walijua kwamba wako salama. Ni mahali pekee katika sura hii ambapo kunyamaza kwa chombo kulikuwa habari njema moja kwa moja. Matatu za leo hupita hapo zikipiga honi, makondakta wakiitia Kongowea, Bombolulu, Bamburi, na abiria wachache huinua macho.

Bandarini mambo yakawa tofauti. Reli ilianza kujengwa 1896, ikavuka kisiwa ikaingia Changamwe na kwenda zake Uganda, na Kilindini ikawa bandari ya nchi kadhaa. Meli haina subira. Kila siku inayolala gatini inamgharimu mwenyewe. Kwa hiyo bandari ilihitaji watu wengi kwa ghafla na wachache kwa ghafla, na mtu aliyeijibu haja hiyo alikuwa kibarua wa siku. Asubuhi alisimama langoni, akichaguliwa alibeba magunia, akapokea ujira wake, na kesho alikuwa huru kutokuja. Aliyekuwa na shamba upande wa bara, au na ndugu wenye minazi na mihogo, angefanya kazi siku chache mwezini, akapata ya kodi na ya nguo, kisha akakaa kwake.

Wakubwa hawakulipenda jambo hilo hata kidogo. Kwao, siku ambazo kibarua hakuonekana zilikuwa uvivu. Kwake yeye zilikuwa siku za palizi, za msiba, za kuezeka nyumba kabla ya mvua. Mwanahistoria Frederick Cooper, katika utafiti wake juu ya bandari hii, ameeleza jinsi serikali na makampuni yalivyohangaika miaka ya 1940 na 1950 kumgeuza mtu huyu awe mfanyakazi wa kudumu, mwenye jina kwenye orodha, zamu, na saa ya kuingia na kutoka. Nikisoma habari hizo naona kwamba ugomvi haukuwa juu ya bidii. Ulikuwa juu ya nani ana haki ya kuuzima wakati wa kazi, kibarua au mwajiri.

Jumatatu tarehe 13 Januari 1947 wafanyakazi wakajibu wao wenyewe. Watu wapatao 15,000 waliacha kazi: makuli wa bandari, watu wa reli, wa hoteli, hata wapishi na madobi wa majumbani. Kwa siku kama 12 mji ulisimama. Mabibi wa Kizungu waliingia jikoni, na mizigo ikabaki ilipo. Walioishi bara walibaki bara. Eliud Mathu, Mwafrika wa kwanza katika Baraza la Kutunga Sheria, alikuja kuwasihi warudi, wakarudi, na baraza la usuluhishi chini ya Jaji Ransley Thacker likawaongezea malipo. Chege Kibachia, aliyekuwa kinara wa chama chao, alikamatwa Agosti mwaka huo huo akahamishiwa Kabarnet, mbali kabisa na bahari. Thacker ndiye aliyekuja kumhukumu Jomo Kenyatta kule Kapenguria mwaka 1953, lakini hicho ni kisa cha kitabu kingine. Nawakumbuka wagomaji wale kwa kuwa ukimya wao ulitoka chini. Hawakuambiwa na mtu yeyote, na waliulipia wenyewe kwa kulala njaa.

Changamwe ina ukimya wa aina nyingine pia. Kiwanda cha kusafisha mafuta kilichoanza kazi mwaka 1963 kiliacha kusafisha Septemba 2013. Matangi yake yangalipo na yanahifadhi mafuta yaliyosafishwa nchi nyingine. Vijana waliokulia mitaa ile wakiwa na ndoto ya kuajiriwa humo sasa ni watu wazima.

Tumefika Likoni, na hapa naomba msomaji akae nami kidogo.

Pande nyingine mbili zilipata njia kavu. Kisauni iliunganishwa na kisiwa kwa daraja la kuelea mwaka 1931, likapokewa na Daraja la Nyali la zege mwaka 1980. Changamwe ilipata tuta la Makupa. Likoni ina maji, mkondo wa mita kama 500, na feri. Watu zaidi ya 300,000 huvuka kwa siku, wengi wao kwa miguu, na mwenye miguu halipi. Msomaji wa mbali akisikia hivyo huona ni ukarimu mkubwa wa serikali.

Simama basi upande wa Likoni saa kumi na mbili na nusu asubuhi. Kwenye kibanda cha kungojea watu wamebanana bega kwa bega: walinzi waliotoka lindoni, wasichana wa saluni, mafundi na mifuko ya vifaa, wanafunzi wenye sare zilizopigwa pasi usiku, mama mwenye ndoo ya mahamri iliyofunikwa kanga. Wenye mikokoteni wamepanga mistari yao kando. Feri inagonga ufuo, mlango wa chuma unalala chini kwa kishindo, wanaotoka kisiwani wanateremka, halafu lango letu linafunguliwa na umati unashuka mteremko karibu mbio. Sauti kwenye kipaza inawakumbusha watu wasisimame mlangoni. Dakika chache tu, ng'ambo.

Halafu siku hiyo inaingia meli. Inatokea upande wa bahari kuu, imepakiwa makontena juu kwa juu mpaka inazima majengo ya upande wa pili, mashua ya rubani ikiwa mbele yake kama kifaranga. Meli ya ukubwa ule haiwezi kufunga breki wala kukwepa katika mkondo mwembamba, feri inaweza. Kwa hiyo feri inangoja, na hapo hakuna wa kulaumu, ni usalama. Feri mbili zinabaki pembeni, kila moja ufuoni kwake. Kibanda kinaendelea kujaa kwa nyuma bila kupungua kwa mbele. Mwanzoni watu huzungumza, wengine hucheka. Kisha mazungumzo hukatika, mmoja baada ya mwingine, watu wakaanza kutazama simu. Mwanafunzi anahesabu dakika za lango la shule kufungwa. Wa saluni anatuma ujumbe kwa bosi, na bosi, aliye na gari na anaishi kisiwani, ameshausikia ujumbe huo mara nyingi mno kuuamini. Meli inapita taratibu sana. Ina mizigo ya Kampala na Kigali, na ya Wakenya pia, siidharau.

Nauli ya feri kwa mwenye miguu ni bure, lakini hulipwa kwa wakati, na wakati huo hauandikwi katika hesabu ya mtu yeyote. Meli ikichelewa, kuna afisa wa kuandika imechelewa kwa saa ngapi na nani atalipa. Abiria akichelewa ni tabia yake.

Kusubiri si jambo baya kuliko yote pale. Tarehe 29 Aprili 1994 feri ya Mtongwe, jirani na Likoni, ilipinduka na watu 272 wakafa. Kivuko kile kilinyamaza muda mrefu baada ya hapo, na wazee wa Mtongwe walilazimika kuzunguka Likoni kama wengine. Anayehimiza feri ziharakishwe bila kujali ukaguzi na akumbuke idadi hiyo.

Kisha ukaja mwaka 2020. Serikali ilitangaza kafyu ya nchi nzima kutoka saa moja jioni hadi saa kumi na moja alfajiri kwa ajili ya korona, kuanzia Ijumaa tarehe 27 Machi. Jioni hiyo ya kwanza, maelfu ya watu waliotoka kazini kisiwani walikuwa kivukoni wakingoja kwenda kwao, na saa moja ilikuwa inakaribia. Wangewezaje kuwa wamefika? Maji yalikuwa mbele yao, na feri zina kiasi chake. Polisi waliwatupia mabomu ya machozi na kuwapiga marungu, picha zikazunguka dunia kabla hata usiku haujaingia sawasawa. Watu waliadhibiwa kwa kuchelewa kuvuka kivuko ambacho hawakuwa na njia nyingine ya kukikwepa. Kuanzia tarehe 8 Aprili kaunti nzima ikafungwa, hakuna kuingia wala kutoka, hadi tarehe 7 Julai. Kafyu yenyewe, baada ya saa zake kubadilishwa mara kadhaa, iliondolewa tarehe 20 Oktoba 2021, Siku ya Mashujaa.

Siandiki hayo kuipinga kafyu. Ugonjwa ulikuwa wa kweli na watu walizikwa. Nalinganisha tu. Kalenda ya gatha ilijua siku zake tangu mwaka uliotangulia. Mwenye dau alijua bamvua lake. Hata kengele ya Frere Town ililia ili watu wapate nafasi ya kukimbia. Amri ya 2020 ilitangazwa Jumatano, ikaanza kutumika Ijumaa, na kivukoni hakuna aliyekuwa amepiga hesabu ya idadi ya watu, idadi ya feri na dakika zilizobaki, hesabu ambayo mwanafunzi wa darasa la sita Likoni angeifanya kwa kalamu ya risasi.

Mwanzoni mwa 2021 daraja la kuelea la waenda kwa miguu lilifunguliwa Liwatoni ili kupunguza msongamano, nalo lilikuwa na sehemu ya katikati ya kufunguka ili meli zipite. Hata daraja, basi, lilijengwa likijua litanyamaza meli ikija. Daraja kubwa la magari kutoka kisiwani hadi Likoni limezungumzwa kwa miaka mingi, na wanaolizungumzia nawatakia kila la heri.

Wakati tunalingoja, nina ombi moja dogo kwa wanaosimamia bandari na kivuko. Meli haiingii Kilindini kwa kubahatisha. Ina wakala, ina rubani wa kuipokea, ina gati iliyoandaliwa, na saa yake ya kupita inajulikana kabla haijaonekana. Mwambieni na abiria. Saa hizo zitangazwe tangu jana yake, redioni, kwenye simu, na kwa maandishi makubwa kwenye kibanda cha Likoni na cha upande wa kisiwani, ili msichana wa saluni ajue kwamba kesho meli inapita saa moja asubuhi na feri itasimama, naye aondoke nyumbani mapema au amuoneshe bosi wake tangazo lenyewe.